Boksi la Kilo Nne

Kila mwaka, Waziri wa Kilimo anaposoma makadirio ya wizara yake kule Dodoma, nina desturi ya kuisubiri sehemu ya mazao ya bustani. Siku hizi sehemu hiyo haisomwi bila makofi, na makofi hayo aghalabu huliangukia neno moja: parachichi. Tani zimeongezeka, masoko yamefunguliwa, fedha za kigeni zimeingia. Wabunge wa Njombe, Iringa na Mbeya hugonga meza. Mimi, ambaye nusu ya ukoo wangu uko Mufindi, sina sababu ya kununa. Ila kazi inayonilisha ni kuwafundisha vijana kuiuliza kila takwimu imehesabu nini na imeacha nini, na kwa muda sasa nimekuwa nikiiuliza takwimu ya parachichi swali hilo bila kuridhika na jibu.

Niseme kwanza kwamba kwa mujibu wa elimu ya mimea, parachichi ni beri. Wataalamu huita beri tunda la nyama lililotokana na ovari moja ya ua, lisilo na kokwa gumu, kama lile la embe, la kuifunika mbegu. Kwa kipimo hicho zabibu za Dodoma ni beri, nyanya za Ilula ni beri, ndizi za Rungwe ni beri, na parachichi pamoja na mbegu yake kubwa kama yai ni beri pia. Stroberi, ambayo jina lake lote linajigamba kuwa beri, si beri kamili: tunachokula ni kikalio cha ua kilichovimba, na matunda yake halisi ni zile chembe ndogo zilizotapakaa juu ya ngozi. Wanafunzi hulipenda jambo hili, nami hulitumia kuwaonyesha kwamba jina la kitu na kitu chenyewe vinaweza kuishi mbalimbali kwa miaka mingi bila kugombana. Wazee wa pwani walikuwa wakiliita tunda hili embe mafuta, na wengine pea. Jina la parachichi ndilo lililoshinda.

Watu wanaofuatilia biashara ya beri duniani hupenda kutoa mfano wa Peru, nchi ambayo mwaka 2010 haikuwa na bluberi ya kutajika sokoni, na ambayo haikumaliza muongo mmoja kabla ya kuwa muuzaji wake mkubwa kuliko wote. Sisi beri yetu ni parachichi, na aina inayotakiwa ni moja tu: Hass, lile dogo lenye ngozi ya magamba ambalo hugeuka jeusi likiiva. Kwa maafisa wetu na kwa wanahabari jina lake la utani ni dhahabu ya kijani.

Nyanda za Mufindi zimezoea mazao ya matumaini. Pareto ililimwa, watu wakaezeka bati, kisha viwanda vya ng'ambo vikabuni viuadudu vya maabara na bei ikaporomoka. Chai ikaja na mashamba makubwa, na wakulima wadogo wakajibanza pembeni mwake. Miaka ya karibuni baadhi ya viwanda vya chai vimesimama au vimechelewesha malipo, na wako wakulima wa Mufindi na Rungwe walioacha majani yakomae shambani kwa kukosa wa kuyapokea. Ikafuata miti. Kila mwenye eka alipanda paini na milingoti, na hata makarani wa Dar es Salaam walinunua mashamba ya miti ambayo hawajawahi kuyaona kwa macho, mpaka mbao zilipojaa sokoni na bei ikashuka. Sasa ni zamu ya parachichi. Mtu akiyajua hayo ataelewa kwa nini mkulima wa huko anapoambiwa kuhusu dhahabu hutabasamu kwa adabu na kuuliza nani atakayenunua.

Mgololo iko mwisho wa barabara inayotoka Mafinga, karibu kilomita 80, mahali ambapo nyanda za juu huanza kuteremka kuelekea bonde la Kilombero. Reli ya TAZARA inapita huko. Msomaji wa rika langu anaifahamu Mgololo kwa sababu moja tu, kiwanda cha karatasi. Kilijengwa kwa mikopo ya Benki ya Dunia na wafadhili wengine, kikaanza kazi katikati ya miaka ya 1980, na kilikusudiwa kuitoa nchi katika aibu ya kuagiza karatasi kutoka nje ilhali ina msitu wa Sao Hill, shamba kubwa kuliko yote la miti ya kupandwa nchini. Kiliyumba, kikasimama kwa miaka kadhaa, kisha kikabinafsishwa katika miaka ya 2000 na kuingia mikononi mwa kundi la makampuni la Rai kutoka Kenya. Leo kinatengeneza hasa karatasi ngumu ya kahawia, ile ya mifuko na maboksi. Ukikaribia na upepo ukiwa wa upande wako, harufu yake hukupokea kabla ya mwenyeji wako. Wenyeji wanasema hiyo ni harufu ya mshahara.

Shangazi yangu ni mjane wa mfanyakazi wa kiwanda hicho. Anaishi katika kijiji kimojawapo cha maeneo hayo, juu ya mteremko ambao chini yake kuna vinyungu vya majirani, na alipopata sehemu ya mafao ya marehemu alinunua miche ya Hass iliyobebeshwa, akaipanda kwenye eka moja hivi iliyokuwa ya mahindi. Alimwagilia kwa ndoo katika kiangazi cha kwanza na cha pili. Mwaka wa nne ilizaa. Nilifika kwake Julai, baridi ile ya Mufindi inayomfanya mtu wa Dar es Salaam avae kila kitu alichobeba, na kwa bahati nikaikuta siku ya mavuno.

Wanunuzi walikuja na gari dogo la mizigo, kreti tupu, mizani ya kuning'iniza na mikasi. Walikuwa vijana wanne, wachapakazi, wenye heshima. Walimwamkia "Kamwene" na kuingia shambani kama watu wanaolijua. Bei waliyotaja kwenye simu siku mbili kabla haikuwa bei waliyokuja nayo. Walieleza kwamba soko limebadilika. Shangazi hakubishana sana. Tunda likishaambiwa ni la leo, kulirudisha mtini haiwezekani, na gari lingine lingeweza kuja baada ya wiki mbili au lisije kabisa.

Kilichonishangaza ni uchambuzi. Lililokwaruzwa na upepo liliwekwa pembeni. Lenye doa dogo la mdudu, pembeni. Lililopungua ukubwa, pembeni. Lililong'oka kikonyo wakati wa kuchuma, pembeni. Kufikia saa nane mchana kreti zilikuwa zimejaa, na chini ya mti wa mwisho palikuwa na rundo la matunda mazima, yenye afya, ambalo lilinifika magotini. Hayo hayakupimwa. Nilimuuliza kijana aliyekuwa anaandika kwenye daftari mzigo unakwenda wapi.

"Makambako, halafu Namanga," akasema. "Maboksi yako hukohuko, mwalimu."

Walipoondoka shangazi alikaa kwenye kigoda akahesabu fedha zake, akazifunga kwenye pindo la kanga. Kisha akanitazama kwa namna yake ya kumtazama msomi wa ukoo anapotaka kumpa kazi. "Baba," akaniambia, "karatasi inatoka hapa Mgololo. Tunda linatoka hapa Mgololo. Hilo boksi linatoka wapi?"

Nilimjibu kwa maneno mengi. Mhadhiri hawezi kuulizwa swali akajibu kwa machache. Lakini swali lenyewe ni zuri kuliko mengi ninayosikia kwenye makongamano.

Boksi la parachichi linalouzwa Ulaya kwa kawaida hubeba kilo nne. Ubavuni huandikwa aina ya tunda, daraja lake, namba inayoonyesha idadi ya matunda yaliyomo (namba 18 ina maana ya matunda kumi na manane), utambulisho wa kituo kilichofungasha, na nchi lilikotoka. Ni karatasi tu. Lakini mwenye kuliandika boksi ndiye anayejulikana sokoni. Msimu ujao simu hupigwa kwake. Akienda benki kuomba mkopo, ana kumbukumbu ya mauzo ya kuonyesha. Tunda likisifiwa, anasifiwa yeye, na likikataliwa bandarini yeye ndiye anayetafuta kosa lilitokea wapi, na kwa kulitafuta hujifunza. Mkulima wa Mgololo ambaye tunda lake limeondoka kwenye kreti isiyo na jina hajifunzi chochote. Hajui kama lilisifiwa au lilioza. Anajua tu kwamba mwaka huu gari lilikuja.

Kwa miaka mingi sehemu kubwa ya parachichi la Nyanda za Juu Kusini imekuwa ikivuka mpaka kwenda Kenya, ikifungashwa huko na kusafirishwa kupitia Mombasa kama zao la Kenya. Silisemi hili kwa chuki. Wakenya walianza kabla yetu, walijenga vituo vya kufungashia, walijifunza masharti ya wanunuzi wa Ulaya kwa kupata hasara zao wenyewe, na leo ndio wauzaji wakubwa zaidi wa parachichi barani Afrika. Mfanyabiashara wa Kenya anayefika Njombe na fedha taslimu hamwibii mtu; mara nyingi ndiye pekee aliyefika. Mkulima wa Murang'a naye analalamika kuhusu madalali wake kwa maneno ambayo shangazi angeyaelewa bila mkalimani. Ninachosema ni kwamba tumekwisha kuipita njia hii. Chai ya Mufindi imeuzwa kwa miongo mingi katika mnada wa Mombasa, na hatukuwa na mnada wetu Dar es Salaam mpaka Novemba 2023. Tulihitaji zaidi ya miaka sitini ya uhuru kuanzisha mnada wa zao lililokuwapo kabla ya uhuru wenyewe. Parachichi lisingojee muda huo.

Katika jambo hili la jina, historia ya Hass ina kichekesho chake. Rudolph Hass alikuwa mpeleka barua huko California. Alinunua mbegu, akaziotesha katika shamba lake dogo la La Habra Heights, na mche mmoja aliotaka kuukata ukazaa tunda ambalo watoto wake walilipenda. Mwaka 1935 alipata hataza ya mti huo. Karibu kila Hass inayouzwa duniani leo, pamoja na ile ya shangazi, ni kikonyo cha kikonyo cha mti ule mmoja, ambao ulikufa mwaka 2002. Naye Hass hakutajirika. Watu walinunua mti mmoja kwake kisha wakajibebeshea wenyewe mamia, na aliendelea kupeleka barua. Alibaki na jina bila fedha. Upande wa pili iko Uholanzi, nchi isiyo na shamba la parachichi, ambayo hata hivyo imo katika orodha ya wauzaji wakubwa wa parachichi duniani, kwa kuwa matunda ya Peru, ya Afrika Kusini na ya kwetu hushukia Rotterdam, huivishwa kwenye vyumba maalumu na kuuzwa tena. Wadachi hawakuotesha kitu. Wana bandari, ubaridi na daftari.

Serikali haikulala, na haki inataka hilo lisemwe. India ilifungua soko lake kwa parachichi letu. Novemba 2022, Rais Samia Suluhu Hassan alipozuru Beijing, ulisainiwa mkataba wa masharti ya afya ya mimea unaoruhusu parachichi la Tanzania kuingia China. Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu, TPHPA, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2020, imepewa kazi ya kuhakikisha shehena haitoki na wadudu kama nzi wa matunda, yule aliyegunduliwa Afrika Mashariki mwaka 2003 na ambaye tangu hapo ameharibu maembe ya pwani kuliko ukame. Wafanyakazi wa serikali wanaonisoma wanajua kwamba cheti cha afya ya mimea siku hizi ni mpaka kamili, wenye nguvu kuliko ule wa nguzo na bendera. Aprili 2025 tuliliona hilo kwa macho, pale Waziri Hussein Bashe alipozuia mazao ya kilimo kutoka Afrika Kusini na Malawi, akieleza kwamba nchi hizo zilikuwa zimeyafungia mazao yetu, zikiwamo ndizi ambazo Afrika Kusini ilikuwa imezizuia kwa miaka. Siku chache baadaye zuio liliondolewa na mazungumzo yakaanza. Wiki hiyo matufaha ya Afrika Kusini yalizungumzwa kwenye daladala kama timu ya mpira.

Lakini soko lililofunguliwa kwa saini Beijing halifiki lenyewe Mgololo. Hass haliivi mtini. Huanza kulainika baada ya kuchumwa, na kuanzia saa ile linahesabu muda wake. Linatakiwa liingie kwenye ubaridi wa nyuzi tano hadi saba haraka iwezekanavyo na likae humo mpaka lifike. Tangu mwisho wa 2023, mashambulizi katika Bahari ya Shamu yalipozifanya meli nyingi zizunguke Rasi ya Tumaini Jema, safari ya kwenda Ulaya imeongezeka kwa siku kumi hadi kumi na nne. Siku hizo zinatoka kwenye uhai wa tunda. Kama umezipoteza mbili kwenye tope la barabara ya Mafinga, huna pa kuzirudisha. Ndiyo maana mimi huona kila kipande cha barabara hiyo kinachowekwa lami kuwa sera ya biashara ya nje, hata kama kwenye vitabu vya serikali kimeandikwa chini ya wizara nyingine.

Kuna na suala la tunda changa. Hass liliyochumwa kabla ya nyama yake kukomaa haliivi. Hunyauka na kuwa kama mpira. Kanuni za kimataifa hupima hilo kwa kukausha kipande cha nyama, na kiwango cha chini kwa Hass ni asilimia 21 ya ukavu. Kenya kila mwaka hufunga msimu kwa miezi kadhaa ili kuzuia uvunaji wa machanga. Kwetu, katika miezi ya njaa, dalali hufika na fedha mkononi na kununua kilichopo juu ya mti, wakati mwingine maua yakiwa bado hayajaanguka. Kagera wana neno lao kwa ununuzi wa namna hiyo katika kahawa, butura. Kusini, kwenye korosho, wanasema kangomba. Parachichi bado halijapata neno lake, nami natamani lisipate.

Sasa nirudi kwenye lile rundo lililobaki chini ya mti, maana katika hotuba zote nilizosikia halijawahi kutajwa.

Jioni ile shangazi alinipa kazi ya kugawa. Majirani hawakuyataka: kila mmoja ana rundo lake. Tulipeleka kreti moja nyumbani kwa fundi cherehani, nyingine kwa mama mmoja mwenye nguruwe, na kwa siku tatu tulikula parachichi kwa ugali, kwa maharage na kwa wali mpaka nikaanza kuliota. Mengine yaliozea palepale. Nikajiuliza: ikiwa mtu wa Amsterdam anakula chaguo la kwanza la shamba hili, na mwenye shamba anakula alichokataliwa, hapo ni nani aliyelimiwa? Najua jibu la wachumi. Mkulima anauza cha bei ya juu na kununua cha bei ya chini, na tofauti ni faida yake. Ni jibu sahihi panapokuwa na duka la kununulia, na palipo na faida.

Utafiti wa afya na idadi ya watu wa mwaka 2022 ulionyesha kwamba asilimia 30 ya watoto wa Tanzania walio chini ya miaka mitano wana udumavu. Mkoa ulioongoza kwa udumavu nchini ulikuwa Iringa, asilimia 57. Njombe na Rukwa zilifuata, zote zikiwa karibu na nusu ya watoto. Isomeni orodha hiyo pole pole. Ndiyo mikoa inayoilisha nchi mahindi, viazi, maharage, na sasa inayoiletea dola za parachichi. Mtoto mmoja kati ya wawili mfupi kuliko umri wake, si kwa kukosa kushiba, bali kwa kushibishwa ugali mweupe mchana na usiku, huku mama akiwa shambani au kwenye kibarua cha chai kuanzia alfajiri, na maziwa, mayai na matunda yakipelekwa sokoni kwa sababu ndivyo vinavyoleta ada.

Sidai kwamba parachichi litaondoa udumavu. Madaktari wa lishe wataniambia, na wana haki, kwamba kuna maji, choo, minyoo, umri wa mama na mapumziko ya mama. Nasema tu kwamba tunda lenye mafuta mengi mazuri, linaloweza kupondwa kwa kijiko na kulishwa mtoto wa miezi saba bila kupikwa, linaozea chini ya mti katika mkoa wenye udumavu mkubwa kuliko yote nchini, na hakuna ofisi inayolihesabu. Afisa kilimo anahesabu kilichouzwa. Afisa lishe anahesabu watoto. Hawa wawili mara nyingi hukaa jengo moja la halmashauri, milango ikitazamana.

Tena kuna jambo la mti wa kienyeji. Nyuma ya jiko la shangazi upo mparachichi mkubwa uliopandwa kabla mimi sijazaliwa, wenye matunda marefu ya kijani, laini, yenye maji mengi. Hakuna mnunuzi wa Namanga anayeuangalia. Mti wa namna hiyo katika vijiji vyetu haukuwa na mwenyewe hasa: watoto waliupanda wakitoka shule, akina mama walijaza ndoo na kwenda kuuza gulioni, na shilingi chache zilizopatikana zilikuwa zao bila kuulizwa. Siku hizi wataalamu wanashauri miti hiyo ikatwe matawi na kubebeshwa vikonyo vya Hass, na kwa hesabu ya kilo na bei ushauri huo ni mzuri. Lakini mti ukishabebeshwa Hass hubadilika mwenyewe. Unaingia kwenye daftari la kaya, na daftari la kaya katika nyumba nyingi za huko linashikwa na baba. Mtoto akiupanda anafukuzwa, maana ameangusha fedha. Wanafunzi wangu wa jinsia na maendeleo wanaotafuta mada ya tasnifu wasiende mbali.

Shangazi alishauriwa aubebeshe ule wa nyuma ya jiko. Alimsikiliza mshauri mpaka mwisho, akamshukuru, akampa togwa, na mti uko vilevile.

Mwanafunzi wangu mmoja wa zamani ni afisa katika halmashauri mojawapo ya Nyanda za Juu. Nilipotoka Mgololo nilimpigia simu, nikamweleza habari za rundo. Alicheka kidogo, kisha akanitumia picha ya fomu anayoijaza kila robo mwaka. Ina safu ya eneo lililopandwa, safu ya mavuno kwa tani, safu ya bei shambani, safu ya kilichosafirishwa nje. Kilichovuka mpaka bila karatasi yetu hakina pa kuandikwa, hivyo hata makofi ya bungeni ni machache kuliko tunayostahili. Kilichokataliwa hakina safu. Kilicholiwa hakina safu. Chini kabisa kuna mstari mmoja wa maoni ya jumla.

Nilimwomba robo ijayo autumie mstari huo: aandike ni sehemu gani ya mavuno iliyobaki kijijini na ilikwenda wapi, kwa kukadiria tu, kama anavyokadiria mengine. Nikamwomba pia avuke ukumbi amuulize mwenzake wa lishe kama kliniki ya watoto imewahi kuwaambia akina mama habari ya parachichi lililopondwa. Kuhusu ombi la pili alisema atajaribu wiki hiyohiyo. Kuhusu la kwanza alisita, akasema mfumo siku hizi ni wa kompyuta na mstari wa maoni hukubali herufi chache, na kwamba ngazi ya mkoa wakiona jambo lisilo na safu huuliza limetoka wapi.

Nikamwambia wakiuliza awaambie limetoka Mgololo.